Maswali ya Wasomaji: Shin Il-seon na wenzake wa sinema ya kwanza ya Korea

Toleo lililopita tuliweka aya moja tu kuhusu Shin Il-seon, mwigizaji wa Korea ya enzi za utawala wa Wajapani (1910–1945), tukasema alivuma kwa filamu ambayo siku hizi haipo, na humo tukawataja waigizaji wenzake na kumsifu mmoja wao, Moon Ye-bong. Maswali yamemiminika kutoka Mikindani hadi Kilwa, mengi ya watu waliozoea tamthilia za Kikorea zilizotiwa sauti za Kiswahili na sasa wanataka kujua zilikotoka. Tumechagua saba na kuyafupisha.

Mlisema Shin Il-seon alivuma kwa filamu ambayo siku hizi haipo. Kama haipo, mnajuaje alikuwa hodari? Isije ikawa ni zile sifa za marehemu. (Msomaji, Mikindani)

Una haki ya kuuliza. Filamu hiyo ni *Arirang*, kazi ya Na Woon-gyu, ambaye pia ndiye mwigizaji mkuu wake. Ilianza kuonyeshwa tarehe 1 Oktoba 1926 katika ukumbi wa Danseongsa mjini Seoul, siku ileile Wajapani walipozindua jengo jipya la Gavana Mkuu wao. Kijana msomi, Yeong-jin, yuko kijijini akili zimemruka. Wakala wa mwenye mashamba anamvamia dada yake, Yeong-hui. Yeong-jin anamuua wakala huyo kwa mundu, na mwishoni polisi wanampitisha kilimani amefungwa huku wanakijiji wakiimba wimbo wa Arirang. Shin Il-seon, binti mdogo aliyetokea jukwaani alikokuwa akiimba na kucheza, ndiye Yeong-hui.

Mkanda umepotea. Kwa miaka mingi mkusanyaji mmoja wa Japani, Abe Yoshishige, alidai anao katika mkusanyo wake. Alifariki mwaka 2005, mali yake ikapekuliwa, na *Arirang* haikupatikana.

Yaliyobaki ni ya aina tatu, wala hayana uzito sawa. Kuna magazeti ya wakati ule, hasa Dong-A Ilbo na Chosun Ilbo, yote mawili yaliyoanza mwaka 1920: humo mna matangazo ya kumbi, tarehe, majina ya waigizaji, picha. Hayo tunayaamini kwa tarehe na majina. Kwa sifa hatuyaamini, maana tangazo la sinema ni tangazo la sinema, liwe la Seoul au la Lindi. Kuna hadithi ya filamu iliyowekwa kwenye maandishi, ambayo inatuambia mhusika alifanya nini lakini haituambii mwigizaji alifanyaje. Halafu kuna kumbukumbu zilizosimuliwa miaka 30 au 40 baadaye, ambamo kila mwigizaji ni mrembo kuliko wote na kila onyesho limeisha ukumbi mzima unalia. Hizi tunazisoma mwisho.

Kwa Shin, hata hivyo, kuna bahati. Baada ya *Arirang* aliolewa akaacha sanaa, akarudi mwaka 1934 katika *Cheongchun-ui sipjaro*, yaani Njia Panda ya Ujana, iliyoongozwa na Ahn Jong-hwa. Negativu ya filamu hiyo, yaani mkanda wa awali wa kutolea nakala, iligunduliwa mwaka 2007, na leo ndiyo filamu ya Kikorea kongwe kuliko zote zilizosalia. Kijana Yeong-bok amefanya kazi miaka 7 nyumbani kwa wazazi wa mchumba wake, kisha binti anachukuliwa na mwenye pesa. Anakimbilia Seoul, anakuwa mchukuzi wa mizigo stesheni. Mama yao anapokufa, mdogo wake wa kike, Yeong-ok, anamfuata mjini asimwone, anaishia kuwa mhudumu wa mgahawa wa pombe na kuangukia mikononi mwa tajiri mhuni. Huyo Yeong-ok ni Shin Il-seon.

Linganisha sasa. Mwaka 1926 alikuwa dada anayeonewa ili kaka apate sababu ya kupandwa na hasira. Mwaka 1934 ni dada anayeonewa, na kaka anapandwa na hasira. Aliyepewa nafasi ya kuchangamka ni Kim Yeon-sil, anayecheza binti wa kituo cha mafuta, msichana wa mjini anayefanya kazi ya mshahara. Kwa hiyo ukiuliza kama Shin alikuwa hodari, sisi tunajibu kwamba alikuwa hodari wa nafasi moja, na hakuna aliyempa nyingine. Hilo linaonekana kwenye mkanda uliopo, halihitaji masimulizi ya mtu.

Nafundisha historia sekondari. Nani alikuwa mwanamke wa kwanza kuigiza filamu Korea, na ni kweli filamu yenyewe ilikuwa ya serikali? (Mwalimu, Nachingwea)

Mwalimu, jina la kuandika ubaoni ni Lee Wol-hwa, na ndiyo, ilikuwa ya serikali.

Wakorea huadhimisha siku ya sinema yao tarehe 27 Oktoba, kwa sababu siku hiyo mwaka 1919 Danseongsa ilionyesha *Uirijeok gutu*, mchezo wa jukwaani uliochanganywa na vipande vya filamu. Humo nafasi za kike zilichezwa na wanaume, kama ilivyokuwa desturi ya majukwaa ya Japani. Mwanamke kusimama mbele ya watu na kuigiza lilikuwa jambo la aibu kwa familia yake. Ndiyo maana baadhi ya waliotangulia walitoka kwa *gisaeng*, wanawake waliofunzwa kuimba, kucheza na kukaribisha wageni, ambao jamii ilikuwa imeshawaweka pembeni tayari. Katika *Chunhyang-jeon* ya mwaka 1923, iliyotengenezwa na Mjapani Hayakawa, mhusika mkuu wa kike alichezwa na gisaeng.

Lee Wol-hwa alitokea kwenye tamthilia za jukwaani. Filamu yake ni *Wolha-ui maengse*, Kiapo Chini ya Mwezi, iliyoongozwa na Yun Baek-nam na kuonyeshwa kwa mara ya kwanza Aprili 1923. Aliyelipa gharama ni idara ya posta na mawasiliano ya Gavana Mkuu, na shabaha ilikuwa kuwahimiza watu waweke akiba posta. Kijana msomi anazama kwenye kamari na madeni. Anaokolewa na pesa ambazo baba wa mchumba wake alijiwekea kidogo kidogo. Lee ndiye huyo mchumba, Jeong-sun. Mwaka uliofuata aliigiza *Haeui bigok*, ya kampuni iliyokuwa Busan, na mwaka 1933 akafariki akiwa bado kijana. Filamu yake ya kwanza haipo tena.

Kwa darasa lako la Nachingwea kuna mfano wa karibu. Kati ya 1935 na 1937 Waingereza waliendesha jaribio la filamu za mafunzo hapa Tanganyika, makao yake yakiwa Vugiri, Usambara. Mojawapo ilihusu benki ya akiba ya posta: mtu mmoja anafukia pesa zake ardhini zinaibiwa, mwenzake anazipeleka posta zinabaki salama. Tawala mbili tofauti, miaka 12 kati yake, na hadithi ni ileile. Wape wanafunzi filamu hizo mbili kwenye safu mbili, na swali la kwanza liwe: nani alilipa? Wakishalijibu ndipo waje kwenye uigizaji.

Mimi hutafsiri sinema kwenye kibanda umiza. Nimesikia Korea nao walikuwa na mtu wa kusimulia ukumbini. Naweza kufanya onyesho la namna hiyo hapa, na nijiandaeje? (Msomaji, Kilwa Masoko)

Huyo msimuliaji aliitwa *byeonsa*, na kazi yake wewe unaijua kuliko mhariri yeyote: filamu ni bubu, yeye anakaa kando ya pazia na kutia sauti zote, ya mzee, ya binti, ya mlevi, na katikati anaeleza mambo. Tofauti yako na yake ni polisi. Kuanzia mwaka 1922 wasimuliaji wa Seoul walitakiwa kufanya mtihani na kupewa leseni, na ukumbini kulikuwa na kiti cha askari. Maneno ya msimuliaji hayakuwa kwenye mkanda, kwa hiyo mkaguzi wa filamu hakuweza kuyakata mapema. Ilibidi askari akae ayasikilize papo hapo na kuyasimamisha yakimchukiza. Kanuni za ukaguzi wa filamu zenyewe zilitoka mwaka 1926, na mwenye filamu alilipia ukaguzi kwa urefu wa mkanda.

*Njia Panda ya Ujana* ilipofufuliwa mwaka 2008 ilirudishwa kwa mtindo huohuo: muongozaji Kim Tae-yong aliandaa onyesho lenye wanamuziki, waimbaji, na mwigizaji Jo Hee-bong akiwa msimuliaji. Inawezekana Kilwa. Ila anza na ruhusa. Nakala iko kwa Hifadhi ya Filamu ya Korea mjini Seoul. Waandikie barua pepe kwa Kiingereza, taja tarehe, ukumbi, idadi ya viti, kama kuna kiingilio, na aina ya projekta utakayotumia. Barua isiyo na hayo huishia kuulizwa maswali mwezi mzima. Kwa upande wa huku, pitia kwa ofisa utamaduni wa halmashauri akuelekeze kuhusu kibali cha Bodi ya Filamu kabla hujabandika tangazo.

Filamu ina dakika 74 hivi. Msomaji wa Kiswahili asiyekimbia hutamka maneno 110 hadi 130 kwa dakika, lakini ukijaza dakika zote utawachosha watu kabla ya nusu saa. Lenga nusu yake, maneno 55 hadi 60 kwa dakika, yaani andiko la maneno 4,200 hivi. Itazame mara ya kwanza bila kuandika. Mara ya pili andika saa tu: dakika ya ngapi mtu anaingia, ya ngapi anatoka, ya ngapi maandishi yanatokea. Maneno yaje mara ya tatu. Chapa kwa herufi kubwa, saizi ya 16 au 18, upande mmoja wa karatasi, na usizibane kwa pini, maana kurasa zilizobanwa hulia kwenye maiki kila unapofunua. Zitelezeshe moja moja. Kila ukurasa uishie pahali pa kimya, mhusika asije akakatwa katikati ya sentensi.

Kaa kushoto au kulia kwa pazia, umegeuka robo, uone picha na karatasi kwa jicho moja. Spika ziwe mbele yako kuelekea watu. Zikiwa nyuma ya maiki zitapiga mluzi. Taa ya kusomea iwe ndogo na ya njano, ifunikwe isimulike pazia.

Makosa yanayoharibu onyesho ni machache na yanajulikana. La kwanza ni kumtangulia mwigizaji: ukisema "analia" kabla hajalia, watu wanakutazama wewe, hawamtazami yeye. Subiri machozi, halafu ama unyamaze, ama useme kitu ambacho uso hausemi. La pili ni mazoea ya kibandani. Filamu ya mapigano inavumilia kelele na utani mfululizo, hii haivumilii. Shin Il-seon akiwa peke yake kwenye picha, punguza sauti, na utani uuhifadhi kwa matajiri walevi. La tatu ni umbo la picha. Filamu za zamani zina picha karibu ya mraba, upana 4 kwa kimo 3, na projekta nyingi za sasa huja zimepangwa 16 kwa 9. Usipoibadilisha kwenye menyu, nyuso zote zinatanuka na Shin anageuka mtu mwingine kabisa. Ukiona magurudumu ya gari yana umbo la yai, ujue bado hujarekebisha. La nne, kama unatumia televisheni kubwa, zima kile kitu cha kulainisha mwendo wa picha. Kinaongeza picha za uongo katikati na kufanya watu wateleze kama wako kwenye barafu.

Jua la Kilwa linazama karibu saa 12 na nusu jioni, na watu wanataka kuswali Isha. Ukianza saa 2 usiku, saa 3 na robo umemaliza. Umeme ukikatika katikati, endelea kusimulia gizani hadi jenereta iwake. Byeonsa naye ndivyo alivyofanya mkanda ulipokatika.

Kila nikitafuta majina mliyoyataja kwenye simu naletewa watu wengine, tena vijana wa leo. Nakosea wapi? (Msomaji, Newala)

Hukosei. Jina moja la Kikorea huandikwa kwa herufi zetu kwa namna nyingi: Lee ni Yi, Rhee au Ri, Moon ni Mun, Shin ni Sin, Na ni Ra kwa tahajia ya Korea Kaskazini. Jina la ukoo linatangulia, hivyo ukitafuta "Il-seon Shin" unaweza kukosa kilichoandikwa "Shin Il-seon". Na mke habadilishi ukoo anapoolewa, kwa hiyo usimtafute kwa jina la mume.

Njia ya mkato ni kunakili jina kwa herufi za Kikorea na kulibandika kwenye kitafutio, ukiongeza mwaka wa filamu: 신일선 ni Shin Il-seon, 이월화 ni Lee Wol-hwa, 문예봉 ni Moon Ye-bong, 김연실 ni Kim Yeon-sil, 복혜숙 ni Bok Hye-suk. Kanzi ya Hifadhi ya Filamu ya Korea, inayoitwa KMDb, inakubali herufi hizo. Kwenye maandishi ya enzi ile Seoul huitwa Gyeongseong au Keijo, na Busan huitwa Fusan. Umri nao uusome kwa tahadhari: Wakorea walihesabu mtoto ana mwaka 1 siku anayozaliwa na kumuongezea mwingine kila mwaka mpya, kwa hiyo "miaka 16" ya gazeti la 1926 ni 14 au 15 kwa hesabu yetu.

Nina bando dogo na nataka kuona mmoja tu wa hao akina mama akiigiza na kuongea. Nianze na ipi? Na je, inawezekana kuiwekea maandishi ya Kiswahili? (Msomaji, Lindi mjini)

Anza na *Mimong* ya mwaka 1936. Kwa Kiingereza inaitwa *Sweet Dream*, na iko bure YouTube kwenye chaneli ya Hifadhi ya Filamu ya Korea, ikiwa na maandishi ya Kiingereza. Ina dakika 47 hivi. Kwa ubora wa 360p itakula MB 150 hadi 250. Usilipie zaidi, kwani mkanda wenyewe umechakaa na ubora wa juu utakuonyesha mikwaruzo tu. Ndiyo filamu ya sauti kongwe zaidi ya Kikorea iliyosalia. Ilipatikana mwaka 2005 katika hifadhi ya filamu ya China.

Muongozaji ni Yang Ju-nam, na mwigizaji ni Moon Ye-bong, aliyekuwa pia ameigiza katika filamu ya kwanza ya sauti ya Korea, *Chunhyang-jeon* ya 1935. Hapa yeye ni Ae-sun, mke na mama. Tazama dakika za mwanzo kabisa: kuna tundu la ndege, kuna kioo, kuna mwanamke anayejipamba huku mumewe akimuuliza anakwenda wapi. Anamjibu kwamba yeye si ndege wa kufungiwa tunduni. Anatoka kwenda dukani, hatimaye anahamia hotelini na mwanamume mwingine ambaye kumbe ni mwizi. Anapogundua, anampigia polisi. Kisha anamtamani mcheza dansi, na mcheza dansi mwenyewe ni Jo Taek-won, mtu wa kweli wa fani hiyo. Anakodi teksi kulikimbilia treni lake, anamhimiza dereva aongeze mwendo, na teksi inamgonga mtoto. Ni bintiye, Jeong-hui. Pale hospitalini anakunywa sumu.

Filamu inabeba na onyo la usalama barabarani, na ndiyo maana mwisho wake umekaa kama adhabu. Sisi tunauona mwisho huo umebandikwa. Moon amemjenga Ae-sun kwa ubaridi, macho makavu, sauti ya mtu asiyeomba radhi, na dakika tano za machozi haziwezi kuufuta huo ubaridi wa dakika arobaini. Itazame mwenyewe uamue.

Maandishi ya Kiswahili unaweza kuyaweka kwa programu yoyote ya kuandikia isiyopamba herufi, kama Notepad. Kila kipande kina namba, saa ya kuanza na kuisha, maneno, halafu mstari mtupu. Kwa mfano:

1
00:01:12,300 --> 00:01:15,300
Unakwenda wapi tena?

Baada ya sekunde ni mkato, si nukta. Ukiweka nukta baadhi ya simu zitakataa faili zima. Ukisahau mstari mtupu, vipande viwili vitaungana kimoja. Hifadhi kwa mpangilio wa UTF-8, mwisho wa jina uwe .srt, na jina lifanane herufi kwa herufi na la video, vyote viwe kwenye folda moja. Mstari usizidi herufi 40, na mistari isizidi miwili. Jicho husoma kama herufi 15 kwa sekunde, kwa hiyo kipande cha sekunde 3 kinabeba herufi 45 tu. Kiswahili ni kirefu kuliko Kiingereza, kwa hiyo usitafsiri kila neno: "Nilikuwa nimeshakuambia kwamba nitachelewa kurudi" iwe "Nilikwambia nitachelewa". Mume na mke waitane kama wanavyoitana watu wazima huku, kwa jina la mtoto. "Mama Jeong-hui" inakaa vizuri kuliko "mke wangu mpenzi" ya mashine ya kutafsiri. Ukikuta maandishi yote yanachelewa au kuwahi kwa kiasi kilekile, kwenye VLC ya kompyuta bonyeza G au H kuyasogeza. Yakianza sawa na kuzidi kuchelewa kadiri filamu inavyokwenda, nakala yako ina kasi tofauti na uliyoandikia, na dawa ni kutafuta nakala ileile.

Kwa nini filamu zao nyingi zimepotea? Nauliza kwa sababu stoo ya marehemu babu kuna makopo ya mikanda ya sinema, na harufu yake ni kali. (Msomaji, Masasi)

Zilipotea kwa sababu kadhaa kwa pamoja: nakala zilikuwa chache na zilizungushwa kumbi hadi zikachanika, Vita ya Korea ya 1950–1953 ilipita juu ya Seoul zaidi ya mara moja, na mkanda wenyewe, wa nitreti, aina ya zamani inayoshika moto upesi, ni adui wa nafsi yake. Nyingi za filamu za miaka ya 1930 na 1940 tulizo nazo leo zilipatikana China na kutambuliwa kuanzia mwaka 2004.

Makopo ya babu sasa, na hili usilisubirishe. Pima upana wa mkanda. Ukiwa wa milimita 16 au 8, karibu hakika si nitreti. Ukiwa wa milimita 35 na ni wa kabla ya miaka ya 1950, uhesabu ni nitreti hadi ithibitike vinginevyo. Tazama ukingoni kwenye mwanga wa mchana: huenda pameandikwa NITRATE au SAFETY. Usijaribu kwa kiberiti, hata kipande cha ukucha. Nitreti iliyoanza kuoza inaweza kuwaka yenyewe ikikaa muda mrefu kwenye joto la nyuzi 41 hivi, na stoo ya bati Masasi mwezi wa Novemba haiko mbali na hapo. Ikishika moto inajitengenezea oksijeni. Kuifunika hakusaidii, na hata ndani ya maji inaendelea kuwaka. Moshi wake ni sumu. Ukiona mkanda umegeuka kahawia, unanata kama asali au umekuwa unga, usifungue kopo jingine. Mwite ofisa wa zimamoto aone, na usiupakie kwenye bodaboda kumpelekea.

Harufu ikiwa ya siki, huo ni mkanda wa asetati, aina nyingine ya mkanda, unaooza kwa unyevu. Hauwaki hivyo, lakini unaambukiza: mvuke wake huozesha mkanda wa jirani. Tenga makopo yanayonuka na yasiyonuka, yasifungwe kwenye mfuko wa plastiki, yahamie chumba chenye hewa na kivuli kisicho karibu na pwani. Mkanda uliojikunja au kusinyaa usipitishwe kwenye projekta; meno yatang'oa matundu yote ya pembeni kwa dakika moja.

Nimesoma kwamba Moon Ye-bong aliigiza filamu za kuwasaidia Wajapani vitani. Kwa nini mnamsifu? (Msomaji, Tandahimba)

Aliigiza, na majina tunayo: *Gunyong yeolcha*, treni ya jeshi, 1938, *Jiwonbyeong*, kuhusu kijana anayetamani kujitolea jeshini, 1941, *Joseon haehyeop*, 1943. Katika mbili za mwisho yeye ni mwanamke anayemngoja mwanamume na kumsukuma mbele.

Kilichobadilika ni sheria. Amri ya filamu ya mwaka 1940 ilimtaka kila mfanyakazi wa sinema, pamoja na waigizaji, asajiliwe. Asiyesajiliwa hana kazi. Mwaka 1942 kampuni zote zilikunjwa kuwa moja iliyo mikononi mwa serikali, na Kikorea kikaondolewa midomoni mwa waigizaji, wakatakiwa kuongea Kijapani. Waliotaka kukataa walikuwa na mlango mmoja, kuacha fani, na wapo walioacha. Bok Hye-suk, aliyeanza filamu mwaka 1926, alikuwa amewahi kufungua baa yake mjini Seoul, kwa hiyo si kweli kwamba mwigizaji hakuwa na njia nyingine kabisa ya kula. Moon alibaki kazini. Tunachosifu ni Ae-sun wa 1936; hatusifu mke wa askari wa 1943, ambaye hata kwa uigizaji tu ni mti mkavu.

Mwaka 1948 alihamia Kaskazini na kuigiza katika filamu ya kwanza ya hadithi ya huko, *Nae kohyang* ya 1949. Kim Yeon-sil naye alikwenda Kaskazini. Kusini kazi za wasanii waliohamia huko zilipigwa marufuku, na marufuku ilianza kulegezwa mwaka 1988. Moon alifariki Kaskazini mwaka 1999, miaka sita kabla *Mimong* haijapatikana.